Rangi ya majani: neno moja, na jiwe la kwetu Katanga

Kuna ulizo moja ambalo mwalimu hapa Lubumbashi hawezi kulikimbia: ile rangi Wafaransa wanaita « vert », kwa Kiswahili inaitwaje? Darasa linajibu upesi: « Ni ver, Mwalimu. » Mmoja akisema « rangi ya majani », wenzake wanacheka, wanaona ni maneno ya kijijini. Akitokea mwengine aliyepitia vitabu vya Tanzania, atasema « kijani », na hapo wote wananyamaza kwa heshima. Hakuna anayekumbuka kama kijani ni jani tu, lile lile walilokuwa wanalicheka.

Kile kicheko, wandugu wasomaji, ndicho kinanifanya niandike. Nyuma yake kuna wazo ambalo hata watu wazima wanalo: kwamba Kiswahili ni luga maskini, haina rangi, inasema tu « sawa majani », « sawa majivu ». Mtoto anayeanza kwa kuhurumia luga yake juu ya rangi, atamaliza kwa kuihurumia juu ya yote. Basi tuangalie neno lenyewe limetoka wapi, na limepita wapi.

Kiswahili iko na sifa tatu za rangi zinazobadilika kufatana na jina: -eupe, -eusi na -ekundu. Tunasema mtu mweusi, nguo nyeusi, mawe meusi. Hizo ni za zamani, na ndugu zake Kiswahili katika luga za Kibantu wengi wanazo vilevile, tatu tu. Rangi zingine zinatafutiwa kitu cha kufanana nacho. Na ukihesabu vitu hivyo, utashangaa namna mimea ilivyo mingi: manjano ni kile kiungo cha kutia katika mchuzi, zambarau ni tunda, kahawia inatoka kwa kahawa, rangi ya chungwa, rangi ya waridi, kila mtu anaona. Majivu yalitoa kijivu, mbingu za Waarabu zilitoa samawati. Lakini shamba na pori ndivyo vilileta nyingi zaidi.

Jirani zetu wanafanya hivyo pia. Mtaalamu Victor Turner, aliyeishi na Walunda-Ndembu wa Mwinilunga, ngambo ya mpaka katika nchi ambayo leo ni Zambia, aliandika mwaka 1966 kwamba wao pia wako na rangi tatu za msingi, nyeupe, nyekundu na nyeusi, na ile ya majani wanaiita « meji amatamba », ni kusema maji ya majani ya viazi vitamu. Wakasai wanajua neno matamba, ila kwao ni sombe. Katika Lingala watu wanasema « mai ya pondu », ni maji ya sombe tena. Kila mama aliyetwanga sombe na kuiweka juu ya moto anaelewa bila kufungua kamusi: yale maji ya kwanza, mbele ya kutia mafuta, hayana jina lingine.

Sasa tuje kwa jani lenyewe. Jani, majani. Ukitia ki- mbele, unapata kijani, jani dogo. Lakini ki- iko na kazi nyingine, ya kuonyesha mfano au namna: kitoto ni namna ya mtoto, kifalme ni namna ya mfalme. Kwa hiyo kijani ni pia « namna ya jani », kitu cha kufanana na jani. Ndiyo maana neno halishiki viambishi kama -eusi. Linabaki jina, na linaomba -a mbele yake: nguo ya kijani, milango ya kijani. Sisi wa huku tunasema « shati ya rangi ya majani », na kama haraka inatushika, « shati ya majani », ingawa hapo mgeni anaweza kufikiri ni shati iliyoshonwa kwa majani. Upande wa pwani ya kaskazini, Lamu na kwengineko, walikuwa na neno refu zaidi, chanikiwiti. Chani ni jani, kiwiti ni kibichi kwa matamshi yao. Vitabu vililichukua likawa la Kiswahili chote, lakini hapa kwetu sijasikia mtu kulitumia sokoni.

Ile « kiwiti » inatuleta kwa neno ambalo, kwa maoni yangu, ndilo lenye utajiri kushinda yote: -bichi. Nyama mbichi haijapita motoni. Embe bichi haijaiva. Kuni mbichi hazijakauka, zinatoa moshi na kumliza mpishi. Majani mabichi yangali na maji ya uzima. Mfaransa anaweka mengi ya hayo katika « vert »: kwake tunda lisiloiva ni « vert », kuni zisizokauka ni « vert », na shati la rangi hiyo ni « vert ». Sisi tunatenga. Nyama mbichi ni nyekundu, na hakuna mtoto wa Lubumbashi atakayeiita ya majani. Tikiti lililoiva vizuri ganda lake ni la kijani, lakini si bichi. Ndizi ya kupika ni zote mbili pamoja. Moja ni rangi, nyingine ni hali ya kitu, na tukitaka kuziunganisha tunasema kijani kibichi, ile rangi kali ya majani yaliyonyeshewa mvua. Anayeacha maneno haya mawili na kubaki na « ver » peke yake, amebadilisha sanduku mbili kwa moja.

Na hao Wafaransa wenyewe? « Vert » inatoka kwa Kilatini viridis, na neno hilo liko na mzizi mmoja na virere, kusitawi kama mmea. « Orange » ni chungwa. « Rose » ni ua. « Violette » ni ua. « Marron » ni tunda la mti wa Ulaya ambalo wengi wetu hatujalionja. Kama kufananisha na mmea ni umaskini, basi Paris nayo ni maskini. Tofauti ni kwamba wao walisahau kuwa wanafananisha, na sisi bado tunasikia jani ndani ya neno.

Nakuja sasa kwa neno la mwisho la jamaa hiyo, maana linatuhusu kuliko yote. Wafaransa wako na rangi « mauve », karibu na zambarau yetu. Mauve ni mmea mdogo wa Ulaya, wa jamaa moja na bamia, na ngaingai, na pamba. Ua lake lilitoa jina la rangi hiyo. Lakini Wagiriki wa zamani hawakuangalia ua, waliangalia jani. Mmea huo waliuita malakhe au molokhe, na kulikuwa jiwe la rangi ya majani mazito lililopata jina kufatana nao. Mroma Plinius, aliyekufa mwaka 79, aliliandika: molochitis, jiwe lililo sawa na jani la mmea ule. Ndiyo malakiti ya leo. Kwa hiyo jiwe ambalo watoto wa Likasi na Kolwezi wanalijua kabla ya kujua kusoma, jina lake lote maana yake ni hiyo tu: « la kufanana na majani ». Wanafunzi wanaocheka rangi ya majani wanasema « malachite » bila kucheka.

Malakiti ni shaba iliyokutana na maji na hewa muda mrefu sana. Likiwa safi, zaidi ya nusu ya uzito wake ni shaba. Linatokea juu, karibu na uso wa udongo, na ndiyo sababu wazee wetu waliliona mapema bila mashine yoyote. Basanga, na nyuma yao Bayeke wa Msiri, waliifanya kazi hiyo katika wakati wa kiangazi, mavuno ya mtama yakiisha, karibu na mwezi wa tano. Wanawake na watoto waliokota mawe juu ya vilima, wanaume walichimba mashimo. Tanuru lilijengwa kwa udongo wa kichuguu, makala yalichomwa kwa miti ya porini, hewa ilisukumwa kwa mivuo ya ngozi za wanyama. Kiongozi wa kazi hakuwa fundi tu: aliomba mizimu kwanza. Askofu de Hemptinne, aliyekusanya habari hizo na kuzitangaza mwaka 1926, aliwaita « walaji wa shaba », na jina limewashika mpaka leo. Shaba yenyewe, kwa Kisanga, ni mukuba.

Kutoka tanuru hizo ilitoka misalaba ile midogo ambayo leo tunaiona kwenye picha na kuta za mji. Ilitembea mbali. Katika makaburi ya Sanga, kando ya ziwa Kisale, ambako wataalamu walianza kuchimba mwaka 1957, walikuta misalaba ya shaba pamoja na wafu, na huko Kisale hakuna shaba: ilitoka kusini, ikapita mikono mingi. Baadaye ikawa feza ya kununulia. Msiri alipofika kutoka Unyamwezi katikati ya karne ya 19 na kujenga Bunkeya, ilikuwa shaba pamoja na pembe za ndovu zilizomtajirisha. Bayeke wakajulikana kwa kuvuta nyuzi nyembamba za shaba za kutengenezea bangili. Na misafara iliyokuja kununua ilikuwa na Kiswahili mdomoni. Ni kusema, luga tunayobishania hapa na jiwe la rangi ya majani vilizoeana katika biashara moja.

Mengine yanajulikana, nayapita mbio. Msiri aliuawa tarehe 20 desemba 1891. Mwaka 1892 Jules Cornet alipita na nyundo yake akapima mawe. Union Minière iliundwa mwaka 1906, na mwaka 1911 tanuru la Lubumbashi lilitoa shaba ya kwanza, kutoka mgodi wa Étoile ambao wenyeji waliuita Kalukuluku. Jimbo la Katanga lilipojitenga, kutoka 1960 mpaka 1963, bendera yake ilikuwa na misalaba mitatu ya shaba na mstari wa rangi ya majani. Mwaka 1971 Mobutu akageuza jina la Katanga kuwa Shaba, na mwaka huo huo akaipa nchi bendera ya rangi ya majani, iliyodumu mpaka 1997. Sisi tuliozaliwa chini yake tuliimba mbele yake kila asubuhi, na ninaamini ndiyo shule ya kwanza iliyotufundisha kusema « ver ».

Lakini kuna jambo moja la ajabu, na hapa nataka msomaji asimame kidogo. Jiwe hili linalofanana na majani linakaa pale ambapo majani hayapendi. Shaba nyingi katika udongo ni sumu kwa miti. Ukisafiri kutoka Likasi kwenda Kolwezi, katikati ya pori la miombo utaona vilima vingine viko wazi juu, nyasi fupi tu, kama kichwa cha mzee. Hivyo ndivyo wazee walivyotambua: pori linapokwisha gafula, nenda uangalie chini. Wazungu watafuta migodi walijifunza alama hiyo hiyo. Bahati mbaya, vilima vingi vya namna hiyo vimekwisha kuliwa na mashine, na mimea yake ya pekee, ambayo mingine haioti popote pengine duniani, inakwenda pamoja nao. Wachimbaji wa mkono, ambao wameongezeka sana tangu Gécamines ilipoanguka katika miaka ya 1990, wanatafuta zaidi ile kobalti nyeusi. Malakiti inabaki kwa mafundi wanaoikata na kuing'arisha kuwa mayai, vyombo vya majivu na shanga za kuuzia wapita njia. Wanaoikata bila maji wanavuta vumbi lake, na vumbi hilo ni sumu kwa mapafu kama ulivyo udongo wake kwa miti. Hilo lisemwe wazi kwa vijana wanaojifunza kazi hiyo.

Kati ya mimea inayovumilia shaba kuna mmoja mdogo ambao wanasayansi wanauita Haumaniastrum katangense, wa jamaa ya kivumbasi. Huo unapenda udongo wenye shaba uliochokozwa na mkono wa mtu. Wachunguzi wa mimea na wa mambo ya kale waliofanya kazi kwetu waligundua kwamba hauoti juu ya vilima vya migodi peke yake. Unaota pia mbali na vilima, bondeni, karibu na vichuguu na mito, ambapo hakuna jiwe la shaba hata moja. Walipochimba chini yake walikuta vipande vya tanuru, makala, na masalio ya shaba iliyoyeyushwa. Walaji wa shaba walikuwa wamefanya kazi pale, wakaenda, na mvua ikafunika kila kitu isipokuwa majani yale.