Errol Friedberg: daktari wa Johannesburg aliyechunguza ukarabati wa DNA

Errol Friedberg, daktari na mwanabiolojia aliyezaliwa Johannesburg, Afrika Kusini, mwaka 1937, alitumia sehemu kubwa ya maisha yake kuchunguza swali moja: seli hufanya nini DNA yake inapoharibika? Alifariki dunia mwaka 2023.

Mji alikozaliwa ulijengwa kwa dhahabu. Makampuni makubwa ya madini yaliweka ofisi zao Marshalltown, mtaa ulio katikati ya jiji, na hata Chuo Kikuu cha Witwatersrand, alikosomea udaktari, chimbuko lake ni shule ya madini. Chuo hicho ndicho kilichomsomesha pia Sydney Brenner, mmoja wa washindi wa tuzo ya Nobel ya tiba ya mwaka 2002. Friedberg aliandika kitabu cha maisha ya Brenner mwaka 2010.

Katika miaka ya 1960 Friedberg alikwenda Marekani kujiendeleza katika utafiti. Wakati huo ilikwisha kujulikana kwamba miale ya jua huunganisha herufi mbili jirani za DNA. Kasoro hiyo isiporekebishwa, seli hunakili maandishi yake kimakosa. Makosa yanayodumu ndiyo mabadiliko ya vinasaba, na yakikusanyika huweza kuleta saratani.

Mwaka 1968 mtafiti James Cleaver alionyesha kwamba watu wenye ugonjwa wa kurithi uitwao zeroderma pigmentosamu hawawezi kufanya ukarabati huo ipasavyo. Wengi wao hupata saratani ya ngozi tangu utotoni. Ugonjwa huu si ualbino, unaofahamika zaidi Afrika Mashariki. Mwenye ualbino amekosa mwavuli, yaani rangi inayokinga ngozi. Mwenye zeroderma amekosa fundi wa kuziba panapovuja.

Mwaka 1969 Friedberg alikuwa miongoni mwa watu wa kwanza kueleza kazi ya kimeng'enya cha virusi vya bakteria viitwavyo T4, ambacho hukata uzi wa DNA mahali palipoharibiwa na jua ili ukarabati uanze. Baadaye watafiti wengine walikitia kimeng'enya hicho katika dawa ya kupaka. Jaribio lililochapishwa mwaka 2001 lilionyesha kwamba wagonjwa wa zeroderma walioitumia walipata uvimbe mpya mchache zaidi, ingawa haikuwaponya.

Akiwa Chuo Kikuu cha Stanford, na tangu mwaka 1990 akiwa mkuu wa idara ya patholojia katika chuo cha tiba cha UT Southwestern mjini Dallas, alichunguza vinasaba vya hamira vinavyofanana na vile vyenye kasoro kwa wagonjwa hao. Kazi hiyo ilisaidia kuthibitisha kwamba baadhi ya protini zinazokarabati DNA ndizo pia zinazosaidia kuisoma. Maabara yake ilichunguza vilevile vimeng'enya vinavyonakili DNA iliyoharibika bila kuitengeneza kwanza: seli huokoka, lakini kwa hatari ya kubaki na makosa.

Kitabu chake cha mwaka 1985 kuhusu ukarabati wa DNA kilipanuliwa kwa ushirikiano na wenzake na kuchapishwa upya mwaka 1995 na 2006. Tuzo ya Nobel ya kemia ya mwaka 2015 ilitolewa kwa utafiti wa taaluma hiyo, na waliotunukiwa ni Tomas Lindahl, Paul Modrich na Aziz Sancar. Kwa wagonjwa wa zeroderma, kujikinga na jua kungali ndiyo kinga kuu.