Gemu Ilibaki, Sauti ya Nyanya Ikaenda

Wadau, leo nina kesi na mimi mwenyewe, na nyinyi ndio wazee wa baraza. Sikizeni kwanza, hukumu baadaye.

Asubuhi moja nilikuwa ufuoni hapa Watamu. Maji yamekupwa, yale majabali ya matumbawe yako nje yote, jua ndiyo kwanza lachomoza baharini. Picha ya kufa mtu. Natoa simu, nabonyeza kurekodi, simu yaniambia nafasi imejaa. Jua halimngoji mtu. Nikaingia kwenye meseji haraka haraka, nikaona rundo la sauti za zamani, majina yake tarakimu tupu, nikachagua zote nikafuta. Nafasi ikapatikana. Video nikaipata.

Miezi miwili baadaye nyanya yangu akafariki. Usiku wa matanga nikatafuta sauti zake, zile alizokuwa akinitumia akiniuliza kama nimekula, akinisimulia bei ya samaki, akicheka mwenyewe katikati ya stori. Hakuna hata moja. Lakini kuna kitu nilikikuta pale pale kimekaa kama mwenye nyumba: gemu ya mpira, gigabaiti mbili na ushee, ambayo sikuwa nimeifungua tangu mwaka uliopita.

Sasa swali langu ni hili. Kwa nini mkono wangu ulienda kwa nyanya kwanza, usiende kwa gemu? Nimelifikiria sana, na naona jibu liko kwenye historia ya hizi simu zetu.

Turudi nyuma. Mwaka 1997 Nokia ilitoa simu ya 6110 ikiwa na gemu ya nyoka ndani yake. Aliyeiandika programu hiyo ni mhandisi wa Kifini, Taneli Armanto. Nyoka anakula, anarefuka, akijigonga mwenyewe kwisha. Huku kwetu simu za mkononi zilianza kushuka kwa watu wa kawaida baada ya mwaka 2000, Safaricom na KenCell zilipoanza kugombania wateja. Kisha 2003 ikaja Nokia 1100, ile ya tochi. Waliozaliwa juzi huenda hawaijui, lakini duniani iliuzwa zaidi ya milioni 200. Ndani yake mlikuwa na gemu mbili: nyoka, na ile ya ndege za angani. Hukuzichagua, na huwezi kuzitoa. Zilichomwa humo kiwandani pamoja na mfumo wa simu.

Kilichokuwa chako humo ndani ni kidogo sana: namba za watu na meseji. Na meseji zenyewe zilikuwa na kikomo. Zikijaa, kile kibahasha kinaanza kukonyeza kwenye skrini, na meseji mpya haziingii mpaka ufute za zamani. Machi 2007 M-Pesa ikaanza, na kila ukituma au ukipokea pesa lazima uone ujumbe. Fikiria mtu anasubiri pesa za karo, kibahasha kinakonyeza. Atafuta nini? Nyoka hafutiki. Atafuta salamu za mchumba, atafuta pole aliyotumiwa msibani, atafuta meseji ya mama. Mjomba wangu aniambia alikuwa akinakili meseji nzuri kwenye daftari kabla ya kuzifuta. Nilicheka zamani. Sasa sicheki.

Mwaona hapo? Kizazi kizima kilifundishwa kwamba simu ikijaa, kinachotoka ni cha kwako. Gemu ni ya kampuni, iko palepale.

Baadaye zikaja simu za memori kadi. Gemu zikawa faili ndogo ndogo, kilobaiti mia kadhaa tu, waletewa na rafiki kwa Bluetooth mmekaa chini ya mwembe, au fundi wa simu akujazia kadi nzima nyimbo na gemu kwa shilingi chache. Hizi zilikuwa zafutika. Ukichoka, watoa, waweka nyingine. Kwa muda mfupi mtumiaji alikuwa bosi wa memori yake.

Kisha mambo yakaenda mbio. Mwaka 2009 nyaya za chini ya bahari, SEACOM na TEAMS, zilitia nanga Mombasa na intaneti ikapata miguu. Mwaka 2011 Safaricom ikaleta IDEOS ya Huawei kwa takriban shilingi 8,000, na kwa watu wengi Kenya hiyo ndiyo Android ya kwanza kushika. Memori yake ya ndani haikufika hata gigabaiti moja. Mjuaji alihamishia programu kwenye kadi, kwa sababu toleo la Android 2.2 la mwaka 2010 liliruhusu jambo hilo.

Halafu ukaja mwezi ambao mimi naona ndio ulioamua kila kitu: Machi 2012. Mwezi huo duka la programu la Android lilibadilishwa jina likawa Google Play. Mwezi huo huo Temple Run, gemu ya kampuni ndogo ya mume na mke huko Marekani, iliingia kwenye Android. Na mwezi huo huo, bila kelele, Google iliongeza ukubwa unaoruhusiwa. Kabla ya hapo faili la programu lilikuwa na kikomo cha megabaiti 50. Sasa mtengenezaji akaruhusiwa kuongeza mafaili mawili ya nyongeza, kila moja hadi gigabaiti mbili. Yaani programu moja iliweza kufika gigabaiti nne, mara nyingi zaidi ya simu nzima ya mwaka uliotangulia. Kabla mwaka haujaisha Subway Surfers na Candy Crush zilikuwa mikononi mwa watu duniani kote.

Tangu hapo gemu haikai ukubwa ule ule. Waishusha ikiwa nyembamba, yaanza kuongeza viwanja, wahusika, sauti, matangazo yaliyohifadhiwa, kila wiki sasisho. Linganisha na bao la wazee wetu: mashimo 32, kete 64, jana, leo na kesho. Bao halijawahi kumwambia mzee yeyote apishe nafasi.

Najua kuna mtu hapo ataniambia, "Si ununue simu kubwa tu?" Sawa, kama unayo hela. Lakini vijana wengi hapa simu ndiyo ofisi. Nahodha wa mashua apokea wateja kwa simu, dada anayesuka apigia picha kazi zake, mwanafunzi ana notisi zote humo. Na simu inayouzwa kama gigabaiti 32 haikupi 32, kwa sababu mfumo wenyewe umeshachukua sehemu yake kabla hujapiga picha ya kwanza. Juu ya hapo, simu nyingi za bei nafuu zaja na gemu na programu ambazo hukuomba. Baadhi yake ukitafuta kitufe cha kuondoa hukioni. Kuna kuzima tu. Yaani nyoka wa 2003 amerudi, safari hii amenenepa.

Na usifikiri hili ni lalamiko la watoto. Korea Kusini ilitoa mwongozo mwaka 2014 kwamba wenye simu waweze kuondoa programu zisizo za lazima zilizowekwa kiwandani. Umoja wa Ulaya una sheria ya masoko ya kidijitali, inayobana kampuni kubwa tangu Machi 2024, ambayo inataka mtumiaji aweze kuondoa kwa urahisi programu zilizokuja na mfumo, isipokuwa zile ambazo simu haiwezi kufanya kazi bila hizo. Sisi tuna Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019, inayokupa haki ya kuomba taarifa zako zifutwe. Lakini haki ya kutoa gemu usiyoitaka kwenye simu uliyoinunua kwa jasho lako? Hiyo naona tuanze kuidai. Ukinunua nyumba, muuzaji haachi sofa zake sebuleni akakuambia zizimie taa tu.

Hapa kwetu tuna mwalimu mzuri wa jambo hili, dakika chache tu kutoka Watamu: magofu ya Gede. Mji wa mawe, msikiti mkuu, kasri, visima, na watu wake waliuacha katika karne ya 17. James Kirkman alipoanza kuuchimba mwaka 1948, vilivyopatikana ni vile vilivyobaki: vipande vya vyungu vya Kichina, shanga, nyumba zenyewe. Mwaka 2024 UNESCO iliuweka kwenye orodha ya urithi wa dunia. Maneno ya watu wale, utani wao, namna mama alivyomwita mtoto jioni, hayo hayakubaki. Hawakuwa na njia ya kuyahifadhi.

Sisi njia tunayo, tena mfukoni. Na siku ile simu yangu ingechimbwa, wangekuta nini? Kiwanja cha mpira cha Ulaya, jezi zote mpya, na nyanya hayupo. Mchimbaji angeandika kwamba mtu huyu alipenda mpira. Kumbe hata kuicheza nilikuwa nimeshaacha.

Basi nimejiwekea utaratibu, na nyinyi chukueni mnachotaka. Ingia kwenye Mipangilio, kisha Hifadhi, kisha programu, zipange kwa ukubwa. Anza juu. Kama hujaifungua miezi mitatu, sanidua. Kuondoa alama yake kwenye skrini ya mbele si kuifuta, hiyo ni kumficha mgeni uvunguni. Kufuta akiba ya muda kwasaidia, lakini ukiendelea kucheza yajaa tena. Kama wataka kurudi kucheza siku moja, hakikisha kwanza umeiunganisha na akaunti, maana alama zako zaweza kupotea. Kama ulikuwa unalipia kila mwezi, katisha malipo kabla, kwa sababu kusanidua hakusimamishi makato. Na akaunti yenyewe hubaki kwao hata gemu ikishatoka kwako. Iombe ifutwe nayo. Ile isiyotoka, izime angalau isijisasishe. Mwisho, kabla ya kufuta faili lolote lenye jina la tarakimu, lifungue. Sekunde tano tu. Lisikilize ni nani.

Mimi ile gemu ya mpira niliisanidua usiku ule ule wa matanga. Ilichukua muda mfupi kuliko kupiga chafya. Nafasi ikafunguka, gigabaiti mbili na ushee, nyeupe, na sikuwa na kitu cha kuijaza.

Wiki moja baadaye mama akanipa simu yake ya zamani nimtolee namba za watu. Mama hachezi gemu, na hafuti kitu. Nikapekua. Kulikuwa na sauti moja ya nyanya, sekunde 14, ilitumwa kimakosa. Yamuuliza mtu fulani, sijui nani, kama mvua imenyesha huko, kisha nyanya anagundua amekosea namba, anacheka.

Nimeihifadhi mahali patatu. Na simu yangu leo ina nafasi ya kutosha hata kwa nyanya zenu. Haya, semeni: yenu imejaa nini?