Amos Alonzo Stagg: Kocha aliyestaafishwa na miaka 70, akabeba tuzo akiwa na 81

Mwaka 1932 Chuo Kikuu cha Chicago kilimwambia kocha wake, Amos Alonzo Stagg, kwamba ametimiza miaka 70, kanuni ni kanuni, apumzike. Alikuwa hapo tangu 1892. Akapewa nafasi ya ushauri tu, akaikataa. Mzee akafunga mizigo na kwenda California kuanza upya.

Stagg alizaliwa Agosti 16, 1862, West Orange, New Jersey, mtoto wa fundi viatu. Chuoni Yale alisomea dini, akitaka kuwa mchungaji. Lakini uwanjani alikuwa moto: mrushaji hatari wa besiboli, na mwaka 1889 akaingia kwenye kikosi cha kwanza kabisa cha nyota wa vyuo wa soka la Marekani (ule mchezo wa mpira wenye umbo la yai, sio soka letu). Timu za besiboli za kulipwa zilimtaka, akazikataa. Uchungaji nao aliuacha, alipoona mimbari haimfai.

Akaenda chuo cha YMCA mjini Springfield, Massachusetts. Hapo alikuwa na James Naismith, aliyebuni mpira wa kikapu Desemba 1891. Machi 1892 ikachezwa mechi ya kwanza mbele ya watazamaji, wanafunzi dhidi ya walimu. Walimu walichapwa 5-1. Hilo moja la kufutia machozi alilifunga Stagg.

Chicago ndiko alikojenga jina. Enzi hizo makocha wengi walikuwa kama vibarua wa msimu, ligi ikiisha na kazi imeisha. Rais wa chuo, William Rainey Harper, akampa Stagg ajira ya kudumu, hadhi sawa na wahadhiri. Kwa miaka 40 akafundisha soka la Marekani, riadha, besiboli na kikapu pia. Januari 1896 aliipeleka timu ya kikapu Iowa, ikashinda 15-12 katika mechi inayotajwa kuwa ya kwanza ya vyuo kuchezwa watano kwa watano.

Kwenye soka la Marekani alitwaa ubingwa wa kanda mara 7. Unaokumbukwa zaidi ni wa 1905: Chicago iliifunga Michigan 2-0, na Michigan ilikuwa imecheza mechi 56 bila kupoteza hata moja. Mwaka 1924 alikuwa kwenye benchi la makocha wa riadha wa Marekani, Olimpiki ya Paris. Hakunywa pombe, hakuvuta sigara. Mchezaji akimkera sana, tusi lake kubwa lilikuwa "punda".

Tuseme ukweli, mpaka 1932 timu yake ilikuwa imechoka. Ubingwa wa mwisho ulikuwa wa 1924, na rais mpya wa chuo, Robert Hutchins, aliyeshika kiti akiwa na miaka 30, hakuwa mtu wa michezo. Mwaka 1939 chuo kiliifuta kabisa timu ya soka la Marekani. Uwanja uliobeba jina la Stagg ukapata kazi nyingine: Desemba 2, 1942, chini ya majukwaa yake, wanasayansi waliwasha kinu cha kwanza cha nyuklia duniani.

Huko California, Stagg alikuwa Chuo cha Pacific, mjini Stockton, kuanzia 1933. Haikuwa rahisi. Mechi alizofungwa hapo ni nyingi kuliko alizoshinda. Ila mwaka 1943, wakati wa vita, vijana waliokuwa wakisomeshwa na jeshi la majini waliiongezea timu nguvu, na makocha wenzake wakampigia kura ya kocha bora wa mwaka. Alikuwa na miaka 81.

Alipoondoka Pacific mwaka 1946 bado hakukaa nyumbani. Alikwenda kumsaidia mwanawe, naye kocha, katika Chuo Kikuu cha Susquehanna, Pennsylvania, hadi 1952. Kisha akarudi Stockton, akawa anawanoa wapigaji wa mpira wa chuo cha hapo akiwa na zaidi ya miaka 90.

Alifariki Machi 17, 1965, akiwa na miaka 102. Rekodi yake ya kushinda mechi 314 za soka la Marekani ngazi ya vyuo ilisimama hadi 1981, Bear Bryant wa Alabama alipopata ushindi wa 315.