Vernon Royle

Vernon Royle (1854–1929) alikuwa kasisi wa Kanisa la Anglikana, mwalimu na mchezaji wa kriketi wa Uingereza. Alisoma Rossall, kisha Chuo cha Brasenose, Oxford, na kuichezea Lancashire kati ya 1873 na 1891.

Kwa kupiga alikuwa wa wastani tu. Jina alilipata kwa kudaka na kuzuia mipira katika nafasi ya kava, ambako wachezaji wachache wa enzi yake walimkaribia. Alirusha kwa mikono yote miwili, haraka na kwa shabaha, hata wapigaji wakaogopa kukimbia. Husimuliwa kuwa Tom Emmett wa Yorkshire alimzuia mwenzake asikimbie, akimwonya kwamba upande ule kuna polisi.

Mechi yake pekee ya kimataifa (Test) ilikuwa Melbourne, Januari 1879, chini ya nahodha Lord Harris. Fred Spofforth wa Australia aliwatoa wapigaji watatu kwa mipira mitatu mfululizo, jambo lililokuwa halijatokea katika mechi za Test. Royle alikuwa wa kwanza kati yao. Australia ilishinda kwa wiketi 10.

Baada ya kufundisha Elstree, aliongoza shule ya Stanmore Park tangu 1901 hadi kifo chake.