Tumeshapatana, Mbona Hunilipi?

Wengi wetu tukisikia kesi imeisha kwa suluhu tunashangilia. Watu wamepeana mikono, hakimu kagonga muhuri, basi. Mimi nadhani hapo ndipo shughuli inapoanza, na historia yake ni ndefu.

Turudi nyuma kidogo. Wajerumani walioweka boma lao Songea mwaka 1897 walichukua neno letu "shauri" na kuliandika kwenye makaratasi yao kama Schauri. Ofisa alikaa, wazee pembeni, watu wakaeleza ugomvi wao. Lakini tusidanganyike na jina. Shauri la wazee lilitafuta watu warudi kuishi pamoja. La bomani lilikuwa na askari na kiboko nyuma yake. Ni serikali hiyohiyo iliyomnyonga Nkosi Mputa Gama na wenzake hapo Songea tarehe 27 Februari 1906, wakati wa Majimaji. Kwa hiyo swali la nani ana nguvu ya kutekeleza kilichoamuliwa si geni kwa watu wa Ruvuma.

Waingereza nao mwaka 1920 hawakujisumbua kutunga. Walituletea sheria ya mwenendo wa madai ya India, ya mwaka 1908. Bunge letu lilitunga ya kwetu mwaka 1966, Sheria Na. 49, lakini kanuni ya suluhu ilibaki na namba ileile ya Kihindi: Amri ya 23, kanuni ya 3. Wakili wa Mumbai angeisoma bila kuuliza kitu! Inasema wadaawa wakipatana kihalali, mahakama iandike makubaliano yao na kutoa tuzo kufuatana nayo. Mwaka 1994 usuluhishi ukaingizwa kama hatua ya lazima kabla kesi haijasikilizwa, na tuzo za namna hii zikawa jambo la kawaida.

Sasa tuseme watu wawili wa Bombambili wana kesi ya deni Mahakama ya Wilaya. Wanapatana, na hati inasema mdaiwa "atalipa akishavuna mahindi". Kila mtu anarudi nyumbani kwa furaha. Mavuno yanapita, kimya. Mdai anarudi mahakamani kuomba kukazia hukumu, anaulizwa: alipe lini, kiasi gani? Hati haisemi. Na mahakama inayokazia hukumu haina ruhusa ya kuongeza neno kwenye tuzo. Kukata rufaa? Sheria inakataza rufaa dhidi ya tuzo iliyotokana na ridhaa ya wenyewe. Umesaini mwenyewe, bwana.

Hata hati ikiwa safi, kazi ipo. Ukikaa zaidi ya mwaka mmoja kabla ya kuomba, mdaiwa lazima kwanza aitwe ajieleze kwa nini hukumu isikaziwe. Ikipita miaka 12 umechelewa kabisa. Dalali wa mahakama akitumwa, hawezi kubeba vyombo vya kupikia, kitanda na matandiko, wala jembe la mkulima, na nyumba anayoishi mdaiwa na mkewe na watoto wanaomtegemea inalindwa pia. Ukitaka afungwe kifungo cha madai, chakula chake unalipia wewe mdai. Ndiyo, umesoma sawasawa.

Kuna wanaosema sheria hii inawalea wadaiwa sugu. Sikubaliani nao. Kumnyang'anya mtu jembe ni kuhakikisha hatalipa kamwe. Tatizo naliona kwenye uandishi wa hati: watu wanachoka na kesi, wanaandika chochote ili waondoke. Tarehe, kiasi kwa tarakimu, na sentensi moja tu kwamba akikosa awamu moja deni lote linadaiwa papo hapo, vingeokoa miezi mingi ya kuzunguka mahakamani.

Kwenye ardhi mambo yamebadilika zaidi. Mabaraza ya kata, yaliyoundwa kwa sheria ya mwaka 1985, yalikuwa yakiamua migogoro ya viwanja. Mwaka 2021 Bunge likayaondolea mamlaka hayo. Yalibakiwa na kazi ya kupatanisha ndani ya siku 30, na ikishindikana shauri linakwenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Kwa hiyo majirani wawili wa Bombambili wanaogombea mpaka wanaanzia kwenye kata yao, mbele ya watu wanaowafahamu, kama kwenye shauri la wazee. Tofauti ni kwamba sasa kuna karatasi mezani, na anayeshika kalamu mara nyingi si mwanasheria.