Siwa na Utendi: Sanaa na Siasa katika Jumba la Kifalme la Pate, Karne ya 17 na ya 18

Ikisiri

Makala haya yanachunguza uhusiano wa sanaa na mamlaka katika utawala wa Wanabahani wa Pate kwa kutumia vielelezo viwili: siwa ya pembe ya ndovu na Utendi wa Tambuka. Yanadai kwamba kazi hizi hazikuwa mapambo ya ufalme uliokwisha kusimama, bali zilikuwa uwanja ambamo haki ya kutawala ilidaiwa, ikapingwa na kutetewa.

1.0 Utangulizi

Katika ufundishaji wa fasihi ya Kiswahili, Utendi wa Tambuka hutajwa zaidi kwa ukongwe wake. Mwanafunzi huelezwa kwamba ni miongoni mwa tendi za kale zilizohifadhiwa kwa maandishi, kwamba ulitungwa na Mwengo bin Athumani, na kwamba tarehe yake ni mwaka 1141 Hijria, ambao kwa kawaida hutafsiriwa kuwa 1728. Baada ya hapo mjadala huhamia kwenye masimulizi ya Kiarabu ya maghazi. Jambo linalopitwa haraka ni kwamba utendi huu ulitungwa Pate kwa kutakwa na mtawala. Je, jumba la kifalme lilikuwa na haja gani na utendi wa vita vya Waislamu na Warumi, na kwa nini wakati huo? Swali hili halijibiki kwa kuusoma utendi peke yake. Linahitaji kwanza kuitazama hali ya Pate yenyewe, kisha desturi iliyoifanya sanaa kuwa hoja ya kisiasa katika mji huo.

2.0 Pate baina ya Goa na Omani

Pate ulikuwa mji wa biashara katika visiwa vya Lamu, ukisifika kwa pembe za ndovu na vitambaa vya hariri vilivyofumwa huko. Utajiri huo ndio uliowavuta wageni. Wareno, walioanza kujenga Ngome ya Yesu huko Mombasa mwaka 1593, waliasiwa na Pate mara kadhaa katika karne ya 17. Na katika miaka ya 1680 mfalme wa Pate alikamatwa, akapelekwa Goa na kuuawa huko. Waomani walipoiteka ngome hiyo mwaka 1698, watu wengi wa pwani waliwapokea kama wakombozi.

Haikuchukua muda mrefu kabla ukombozi huo haujawa mzigo. Mfalme ajulikanaye katika Habari za Pate kwa jina la Bwana Tamu Mkuu aliwageukia Wareno walewale. Kundi la merikebu chini ya Luís de Melo de Sampaio lilikuja kutoka Goa, na Machi 1728 Mombasa ikarudi mikononi mwa Wareno kwa msaada wa Pate. Urafiki huo nao haukudumu. Mwaka 1729 Wareno waliondolewa Pate, na kabla ya mwaka huo kwisha wakaondolewa Mombasa pia.

3.0 Siwa ya Mwana Darini

Siwa hupulizwa ubavuni, nayo ilikuwa alama ya enzi kabla ya kuwa ala ya muziki. Haikupulizwa na yeyote wala kwa sherehe yoyote. Mlio wake ulitangaza nani ana daraja na nani hana. Ndiyo sababu kisa cha Mwana Darini, kilichomo katika Habari za Pate, kina uzito kuliko visa vingi vya vita vilivyomo humo.

Kwa mujibu wa masimulizi hayo, Mwana Darini, mwanamke wa ukoo wa kifalme, alitaka kumfanyia mwanawe sherehe ya tohara wakati ambapo mfalme naye aliandaa sherehe ya mtoto wake. Akanyimwa siwa ya ufalme. Hakulalamika wala hakuahirisha sherehe. Alimwita fundi, Mwenye Bayayi, sharifu wa ukoo wa Jamalilili, akamwagiza achonge siwa nyingine ya pembe ya ndovu iliyo bora kuliko ile ya shaba. Baadaye siwa ya shaba iliazimwa Lamu ikapotea baharini, na mfalme akalazimika kuja kuiomba ile ya pembe.  Kijana aliyechongewa siwa hiyo ndiye masimulizi yanayemtambulisha kuwa Bwana Tamu Mkuu wa baadaye.

Haihitajiki kukubali kila kipengele cha kisa hiki ili kuiona mantiki yake. Mlango wa siasa ulipofungwa, ulifunguliwa wa sanaa. Mwana Darini hakuipinga desturi ya siwa. Aliikubali kikamilifu, na kwa kuikubali akamshinda mfalme. Aidha, ustadi wa fundi ulihesabiwa kuwa hoja. Siwa yenyewe ingalipo, nayo ni shahidi kwamba anayestahiki enzi ni yule anayeweza kuagiza kazi isiyo na mfano.

4.0 Utendi wa Tambuka na mwaka 1141

Utendi wa Tambuka una zaidi ya beti 1,000. Unasimulia jinsi Mtume alivyomwita Herekali, mfalme wa Rumi, katika Uislamu, na mapambano yaliyofuata. Majina yenyewe yanaonyesha kazi iliyofanywa na lugha: Tabuk imepata nazali na irabu ya mwisho ikawa Tambuka, Hirqal imetenganishwa konsonanti zake ikawa Herekali. Masimulizi ya Kiarabu hayakutafsiriwa tu, bali yalitiwa katika mizani minane na bahari moja ya vina ili yaghanwe na kusikilizwa na watu wa Pate. Wasikilizaji wa jumba hilo walikuwa wenyeji wa ulimwengu wa barua baina ya watawala. Barua za Kilwa za kuanzia mwaka 1711, zilizoandikwa kwa hati za Kiarabu na kuhifadhiwa Goa, zinaonyesha jinsi diplomasia ya pwani ilivyotegemea karatasi na mjumbe.

Mwaka 1141 Hijria ulianza Agosti 1728 na kumalizika Julai 1729. Kuuandika kuwa 1728 peke yake ni kuificha nusu yake, na nusu hiyo ndiyo yenye mgogoro. Katika mwaka huo mmoja wa Kiislamu, Pate ilikuwa mshirika wa Wareno, kisha ikawa adui yao. Tarehe hiyo inaruhusu fasiri mbili. Ya kwanza ni kwamba mtawala aliyewaita Wakristo alihitaji kuonekana mbele ya masharifu na wanazuoni kuwa bado ni mlinzi wa dini. Ya pili ni kwamba utendi ulikuwa mwito wa kuachana nao, au sherehe ya kuachana huko.

Tarehe peke yake haiamui baina ya fasiri hizi. Hata hivyo zote mbili zinakutana mahali pamoja: utendi usingemfaa mtawala kama wasikilizaji wasingekuwa na kipimo cha kumpimia. Kwa kuagiza utendi wa jihadi, aliwapa wasikilizaji kipimo hichohicho kwa sauti na vina vya kukumbukika. Kama siwa, utendi ulimpamba mwenye nao, lakini haukuwa mali yake peke yake.

5.0 Hitimisho

Siwa na utendi vinaonyesha kwamba katika Pate sanaa haikuifuata siasa kwa nyuma kama kivuli. Mjane, sharifu, fundi na malenga walikuwa washiriki katika kuamua mtawala ni nani na anapaswa kuwa mtu wa namna gani. Baadaye, Sayyid Abdallah bin Ali bin Nasir aliyageuza magofu ya majumba ya Pate kuwa ushahidi dhidi ya dunia katika Al-Inkishafi. Hata hapo ufalme ulikuwa ukipimwa mbele ya wasikilizaji, ila mara hii hapakuwa na mfalme wa kujitetea. Kuzisoma tendi za kale kwa ukongwe wake tu, basi, ni kuwanyima watunzi wake ile nafasi waliyokuwa nayo hai.