Arthur Reber na Kanuni Tunazozijua Bila Kujua

Mtoto aliyezaliwa katika Kiswahili husema "kiti kimevunjika, viti vimevunjika" kabla hajasikia neno ngeli. Maarifa hayo ameyapataje? Katika toleo hili tumeona vyema tuangalie jinsi saikolojia ilivyolishughulikia swali hilo.

Mwaka 1967 mwanasaikolojia wa Marekani, Arthur Reber, alichapisha utafiti ambao wengi waliufuata baadaye. Aliwapa watu mifuatano ya herufi waikariri, bila kuwaambia kwamba ilipangwa kwa sarufi ya kubuni. Kisha aliwajulisha kwamba kanuni zipo, akawaonyesha mifuatano mipya, wachague iliyo sahihi. Walipatia takribani asilimia 79, ilhali kubahatisha kungewapa 50 tu. Hata hivyo, hawakuweza kuzieleza kanuni walizozitumia. Reber aliona kwamba walikuwa wamejifunza bila kujitambua.

Mwaka 1976 alionyesha jambo la kushangaza zaidi: walioagizwa kutafuta kanuni walifanya vibaya kuliko waliokariri tu. Kwa maelezo yake, walijibunia kanuni potofu.

Je, basi tutupe vitabu vya sarufi? La hasha. Mwaka 1980 Reber na wenzake waligundua kuwa kanuni ikielezwa wazi mwanzoni, kabla ya mifano, husaidia sana. Aidha, mwaka 1990 Wafaransa Pierre Perruchet na Chantal Pacteau walidai kwamba washiriki wa majaribio ya aina hii huenda hukumbuka tu jozi za herufi zinazoandamana, wala si kanuni nzima. Mjadala huo bado unaendelea.

Kwa hakika, herufi za maabara si lugha. Lakini sisi tunaofundisha Kiswahili kwa wanafunzi wasiokisikia nyumbani tunalo la kujifunza. Mwanafunzi hukariri jedwali la ngeli, akafaulu mtihani, kisha akitoka nje ya darasa anasema "kitabu yangu". Jedwali analijua, mifano ndiyo haikumtosha.

Kwa hiyo, walimu wenzetu, tuieleze kanuni mapema na kwa ufupi, tusimwache mwanafunzi aikisie. Muda unaobaki, ambao uwe mwingi, tuujaze hadithi, mazungumzo na habari za redio, ili "kitabu changu" kimtoke kabla hajakumbuka ngeli yake.